Unaisi na Faili la Wote

Siku Inoke alipomwona Unaisi kwa mara ya kwanza, mvua ilikuwa ikiichapa barabara ya mkoa wa Ra bila huruma. Lori la abiria lilisimama penye njia ya kuingia kijiji cha Nasaulevu, akashuka mwanamke mfupi, mnene, amelowa chapachapa, kakumbatia kitu kilichoviringishwa ndani ya mkeka mzuri, mkeka wa kutandikwa harusini. Mumewe, Sailosi, alikuwa bado anahangaika na mizigo juu ya lori. Sanduku moja lilifunguka, magauni yakamwagika matopeni. Mwanamke hakugeuka hata kutazama.

Inoke alikuwa ametumwa na ukoo kuwapokea. Alikuwa mtu wa haya. Shule aliiachia darasa la sita, na mbele ya wageni maneno yalimkauka kinywani. Alinyoosha mikono kimya ampokee yule mwanamke alichokumbatia, akidhani ni mtoto mchanga.

"Taratibu," Unaisi akasema. "Ni kompyuta. Ukiiangusha nakuzika hapa hapa."

"Sawa, mama."

"Mama yako nani? Mimi mtu wa Navukai, kisiwa cha Gau. Hukuambiwa? Sisi na nyinyi ni watani. Kuanzia leo kuku wako ni wangu, na huo uso wako uliokunjamana kama gunia la mihogo nitausema nitakavyo."

Inoke akacheka, na hapo hapo akashangaa kwamba amecheka mbele ya mgeni.

Ni kweli walikuwa watani. Wazee husema mzimu uliozaa Navukai ndio uliozaa Nasaulevu, kwa hiyo mtu wa huku akienda kule anaweza kuingia jikoni akajipakulia, akamtukana mwenye nyumba na kusifia sufuria yake kabla ya kuondoka nayo. Hakuna kununa. Anayenuna ndiye anayechekwa.

Sailosi na mkewe walikuwa wamehama Suva, mji mkuu, wakarudi kijijini kwa Sailosi baada ya kustaafu. Unaisi alikuwa amefanya kazi ya simu tangu usichana wake. Enzi zile mtu akitaka kuongea na mtu wa mbali, Unaisi ndiye aliyechomeka waya huku na huku mpaka sauti zikakutana. Mitambo mipya ilipokuja, kazi yake ikafa, lakini tabia ya kazi haikufa. Alipenda kukaa katikati ya watu wawili waliotengana, awasikilizishe sauti zao, kisha anyamaze. Ndivyo alivyojifunza kompyuta, kwa kuuliza uliza na kwa kuharibu.

Sailosi hakukaa sana, akafa. Kijiji kikangoja mjane arudi kwao Gau kama wajane wengi wanavyofanya. Unaisi akafua mapazia, akapanda bamia nyuma ya nyumba, na siku moja akamwendea mchungaji akaomba kona moja ya ukumbi wa kanisa aiweke ile kompyuta yake iwe ya wote.

"Mjane anaongea na sanduku," wanawake walisema.

Walisema hivyo mpaka bibi Laite, ambaye mwanawe alikuwa askari ughaibuni, alipokalishwa mbele ya lile sanduku akamwona kiooni akisema, "Mama, umeshakula?" Bibi Laite alizunguka nyuma ya kompyuta kumtafuta mtoto. Tangu siku hiyo hakuna aliyesema tena neno la sanduku, na kila Jumamosi kulikuwa na foleni mlangoni.

Inoke ndiye aliyekuwa mtunza ukumbi. Alifagia, alitandika mikeka, alipiga lile gogo la kuita watu ibadani. Funguo zilikuwa kiunoni mwake, basi kwa kuwa funguo zilikuwa kwake, Unaisi akaamua kumfundisha.

"Nawa mikono kwanza. Si ulikuwa unakamata kaa wewe?"

"Nimenawa."

"Nawa tena. Watu wa Nasaulevu hunawa upande mmoja."

Alimfundisha kuwasha na kuzima, na kunakili karatasi za nyimbo kutoka kwenye kompyuta kwenda kwenye flashi ya mwalimu wa kwaya. Alimwonyesha kivinjari, yaani lile dirisha la kuingilia kwenye intaneti, na nyongeza zilizoshikizwa humo: moja ya kuleta picha zinazotembea, moja ya kuleta sauti, moja ya kuwasomea Biblia wasioona vizuri. Kisha akamfungulia folda moja akamwonyesha faili lenye jina la ovyo, herufi na tarakimu tu.

"Hili usilione dogo," alisema. "Hizi nyongeza hazina akili zao zenyewe. Kila moja ikitaka kufanya kazi inakuja kuomba hapa. Picha inaomba hapa, sauti inaomba hapa. Ni jiko moja, familia tatu. Kompyuta hii ni kikongwe, mafaili ya watu wengine hayaikubali. Hili nimelishona mwenyewe, nimelipunguza mpaka likakaa."

"Na likipotea?"

"Likipotea wote watalala njaa. Mbona unauliza kama mwizi?"

Inoke alipenda masomo yale kuliko alivyoonyesha. Hakuna mtu mwingine aliyemtukana kwa raha namna ile. Alikuwa amefika umri wa mvi bila mke wala rafiki wa kumtania, na Unaisi akimwita kaa wa matopeni mbele ya foleni nzima, alikuwa anafagia huku moyo umejaa.

Basi ilitokea Unaisi akaenda Suva kutibiwa meno. Siku hizo akaja Ropate, binamu yake Inoke, mwenye duka dogo mjini Vaileka. Ropate alikuwa na kompyuta dukani, kuukuu kama ile ya ukumbini, watu waliijia kusikiliza raga na kuongea na ndugu zao. Lakini picha zilikuwa zinagoma.

"Kule kwenu inaonyesha kwa nini?" aliuliza, ameketi juu ya mkeka, anakunywa chai.

"Kuna faili," Inoke akasema. "Unaisi kalishona. Zote zinaomba hapo."

Ropate akaweka kikombe chini. Akabadilisha sauti, ikawa ile sauti ya chini ya mtu anayeomba kwa ndugu. "Binamu, nakuja kwako na kerekere. Lile faili, nipe mimi."

Kwetu mtu akikuomba kwa kerekere, ombi la ndugu kwa ndugu, hukatai. Ukikataa, si kitu ulichokataa, ni yeye. Inoke alikuwa hajawahi kumkatalia mtu katika maisha yake, si jembe, si shati la Jumapili. Lakini faili halikuwa lake, na alijua. Alijikuna shingo.

"Ni la Unaisi."

"Unaisi si mtani? Cha mtani si chetu?"

Neno hilo lilimfunga. Aliwasha kompyuta, Ropate akasimama nyuma ya bega lake akipumua chai. Inoke akafungua ile folda, akabonyeza lile faili, na maneno mawili yakajitokeza kama alivyofundishwa: nakili, kata. Kidole kikasita. Kunakili ni kwa mambo ya kwaya, karatasi za nyimbo. Lakini huyu ni ndugu, na ameomba kwa heshima. Ukimnakilia, atalitazama faili bado lipo pale pale kwenye kioo, atasema Inoke kanipa kivuli, mwili kaubakiza. Mtu akiomba nguruwe humpi picha ya nguruwe. Inoke akakata, akabandika kwenye flashi. Pale lilipokuwa pakabaki pengo, na mafaili mengine yakasogea kuliziba.

"Ahsante sana, binamu," Ropate akasema, na macho yalikuwa yamemlegea kwa shukrani. "Wewe ndiye mtu."

Moyoni Inoke alisema atamwambia Unaisi akirudi, amshonee lingine, ampe na matusi ya kutosha. Na tena folda ilikuwa bado imejaa mafaili. Moja kati ya mengi yote yale lingeangusha nini?

Unaisi alirudi siku iliyofuata, kabla ya meno kutengenezwa. Inoke alimwona akipita chini ya miti na begi lake, akamfuata mpaka kizingitini, sentensi imeshapangwa kinywani. Akamkuta ameketi sakafuni na viatu mguuni, analia bila sauti.

Manasa alikuwa amefariki. Manasa alikuwa kaka yake wa pekee, aliyehamia Brisbane zamani, aliyemtumia viatu kila Krismasi, vyote vikimbana. Angezikwa huko huko. Unaisi hakuwa na pasipoti, na hata angekuwa nayo, muda haukuwepo.

"Kelera kasema watarusha mazishi kwenye intaneti," alimwambia Inoke, akijipangusa kwa kiganja. Kelera alikuwa binti wa marehemu. "Nitamwona akishuka kaburini. Angalau hilo. Ufungue ukumbi mapema, kaa wa matopeni wewe, utandike mikeka yote."

Inoke akasema, "Nitatandika." Ile sentensi nyingine akaimeza. Nani anamwendea mfiwa na habari ya faili? Alijiambia hivyo njia nzima, akatandika mikeka yote, akaipigapiga mpaka ikanyooka, na hakuiwasha kompyuta kuijaribu, kwa sababu aliogopa atakachokiona.

Siku ya mazishi kijiji kizima kilikaa chini ukumbini. Wanawake walivaa nyeusi, mchungaji alikuwa mbele, yakona, kinywaji cha mizizi cha misibani na cha heshima, ilikuwa imeshakandwa kwenye bakuli kubwa upande wa wanaume. Unaisi aliketi kwenye kiti, kitambaa mapajani. Akafungua kivinjari, akaenda kwenye ukurasa aliotumiwa na Kelera.

Palipaswa kuwa na kanisa, pakawa na kisanduku cha kijivu. Chini yake maandishi yalisema nyongeza imeshindwa kufunguka. Akajaribu ile ya sauti tu. Kijivu. Akazima, akawasha. Watu wakaanza kukohoa.

"Imba kidogo, mchungaji," alisema bila kugeuka.

Wakaimba wimbo wa kwanza. Unaisi akaingia kwenye folda. Inoke, aliyekuwa karibu na mlango, aliona mgongo wake ukinyooka.

"Halipo," alisema Unaisi.

"Nini halipo?" mchungaji akauliza.

"Faili. Nililiacha hapa." Alitafuta kwenye folda nyingine, akatafuta kwenye takataka. Kulipata tena kwa laini ile ya simu na kulishona upya ilikuwa kazi ya siku nzima. Kila mtu pale alijua kwamba huko Brisbane muda hauwangoji. Mzee mmoja wa upande wa wanaume akanong'ona, kwa sauti ambayo si mnong'ono, "Mashine za wanawake hizi." Unaisi akasikia. Alikuwa mjane wa kuja, aliyeuambia ukumbi mzima njooni mumwone kaka yangu, na hakuwa na cha kuwaonyesha. Sikio lake lililoelekea mlangoni lilikuwa jekundu.

Inoke alitaka kusimama, akaanza kunyoosha ncha ya mkeka. Wimbo wa pili ukaimbwa, na wa tatu. Baadaye simu ya bibi Laite ikalia, alikuwa mwanawe, akisema walioko ughaibuni wote wameona, ibada ilikuwa nzuri, Manasa ameshafukiwa.

Ndipo Ropate alipoingia, amechelewa, amevaa sulu nyeusi, ile shuka ya kiunoni, na furushi la mizizi ya yakona kifuani. Akaketi, akatoa pole zake vizuri, kwa adabu zote, mpaka alipoona nyuso za watu.

"Kuna nini?"

"Hatukuona kitu," bibi Laite akasema. "Mashine imegoma."

"Jamani." Ropate alisikitika kwa dhati. "Si mngekuja dukani kwangu? Kule inaonyesha kama dirisha. Tangu Inoke alipolikata lile faili lenu akanipa, sina shida hata kidogo. Mungu ambariki huyu binamu, nilimwomba mara moja tu, hakunikatalia."

Vichwa viligeuka kimoja kimoja kuelekea mlangoni. Inoke alitazama mkeka uliokuwa mbele ya magoti yake. Alitazama jinsi ukindu mmoja unavyopita juu ya mwingine, kisha chini, kisha juu. Mtu akijichoma mwiba mwenyewe haambiwi pole, na yeye hakuingoja pole. Alichongoja ni tusi. Alilingoja kama mtu aliyeungua anavyongoja maji. Unaisi alikuwa na haki ya kumtukana mpaka kizazi cha saba, na kila mtu pale angecheka kwa machozi, na lile jambo lingekuwa zito lakini lingekuwa la watu wote.

"Mtukane basi, Unaisi," bibi Laite akasema taratibu. "Mtukane sote tupumue."

Unaisi alikunja kitambaa chake mara mbili.

"Hakuna neno, Bwana Inoke," alisema.

Alikuwa hajawahi kumwita Bwana.

Inoke alifanya yanayopasa. Alichimba yakona yake nzuri kuliko zote, akamchukua mjomba wake awe msemaji, wakaenda nyumbani kwa Unaisi kuomba msamaha kwa desturi. Inoke aliketi upande wa chini, karibu na mlango, kichwa kimeinama. Mjomba akasema maneno yote. Ndugu wa marehemu Sailosi akapokea kwa niaba ya Unaisi, akapiga makofi yale ya viganja vilivyokunjwa, akasema jambo limezikwa, asiwepo mtu wa kulifukua. Unaisi naye akapiga makofi. Mjomba akatoka anatabasamu.

"Umeona? Limekwisha."

"Ndiyo, mjomba."

Halikuwa limekwisha. Ilikuwa afadhali kabla ya msamaha, maana sasa hakuwa na kitu kingine cha kuomba.

Ropate alipojua alichofanya alilirudisha faili siku ile ile ya mazishi. Alilikata kwake, akalileta lote, hakubakiza. Unaisi akalibandika mahali pake, nyongeza zote tatu zikaamka, na duka la Vaileka likalala giza. Kesho yake Ropate akaja tena, amenywea, haelewi. Unaisi akawaketisha wote wawili.

"Kunakili," alisema, kwa sauti ya mwalimu wa wageni, "ni kama kuwasha taa kwa taa nyingine. Ya kwanza haizimiki. Nimekunakilia, Bwana Ropate. Lako lipo, na letu lipo."

Inoke aliona lile faili kwenye kioo, na lingine kama hilo kwenye flashi. Alielewa wakati ule kwamba angeweza kumpa ndugu yake alichoomba, asimnyime, na Unaisi akamwona kaka yake. Ukarimu ule usingemgharimu mtu kitu. Na kama angeufungua mdomo pale kizingitini, hata baada ya kukata, Unaisi angempigia Ropate simu, faili lingekuja na lori la jioni. Hili la pili ndilo lililokuwa linamrudia kila alipokamata ufagio.

Aliendelea kufagia. Unaisi aliendelea kuja na kukalisha watu mbele ya kompyuta. Alisema "tafadhali, Bwana Inoke" na "ahsante." Alinawa mikono yake mwenyewe na hakuuliza habari za mikono ya mtu. Watu wengine wa Nasaulevu aliwatukana kama kawaida, alimwambia mchungaji kwamba sala zake zinaozesha samaki, na wakati wa kicheko Inoke alikuwa anatoka nje kumwaga takataka ambazo hazijajaa. Inoke alizidi kuona aibu. Aliwahi kumletea kaa hai, wanene, kwenye kikapu cha makuti, akitumaini hata neno moja. Unaisi alipokea kwa mikono miwili, kama mtu anayepokea kutoka kwa mgeni.

Kelera ndiye aliyemtafutia pasipoti na tiketi, aende Brisbane akalione kaburi. Asubuhi ya safari wanawake walimsindikiza mpaka barabarani, wamembebea mikeka na magimbi yaliyopikwa. Inoke alibeba sanduku, kwa sababu aliombwa na bibi Laite. Alilipandisha juu ya lori, akalifunga kamba vizuri, akashuka, akasimama pembeni karibu na mlango wa dereva, akijifanya anaangalia tairi. Alikuwa ameandaa neno la kwaheri. Lilimkauka.

Unaisi alikuwa ameshaketi dirishani. Aliwaaga wote kwa majina. Injini ikawashwa. Kisha akainama nje, akamtazama Inoke muda, kwa yale macho yake madogo, na midomo ikaanza kumcheza. Jambo lilikuwa limezikwa kwa desturi, na hakuna mwenye ruhusa ya kulifukua, ila mtani.

Hakurudi tena. Moyo ulimsimama huko huko kwa Kelera kabla ya Krismasi, akalazwa kando ya kaka yake, na safari hii Nasaulevu iliona yote, Inoke mwenyewe akiwa ndiye aliyeketi mbele ya kompyuta. Lakini siku ile barabarani hakuna aliyelijua hilo. Unaisi alisema kwa sauti ya kusikika na lori zima:

"Sogea mbali na huyo dereva, wewe. Akikuomba kichwa utakikata umpe."